NANI HUUFUNGUA MWAKA? Kalenda, Anga na Mvua katika Mkoa wa Singida

Mwanafunzi wa sekondari akiulizwa mwaka huanza lini, hujibu bila kusita: tarehe 1 Januari. Jibu hilo latosha ofisini, shuleni na benki. Lakini mkulima wa mtama katika Mkoa wa Singida akiulizwa swali hilo hilo, aweza naye kuuliza: mwaka upi? Tarehe 1 Januari humkuta katikati ya kazi. Katika msimu mwema mbegu zake zimekwisha kuota, palizi inamngoja, na ghala lake linaelekea kuwa tupu. Kwake yeye mwaka ulianza majuma kadhaa yaliyopita, siku ile mvua ya kupandia ilipolowesha udongo, nao utakwisha baada ya mavuno. Hata taarifa za kilimo hulikiri jambo hili, kwani msimu mmoja huandikwa kwa tarakimu za miaka miwili, kwa mfano 2022/2023. Kalenda ya ukutani hulikata shamba vipande viwili, na mwandishi wa takwimu hulazimika kulishona tena kwa mkwaju wa wino.

Katika hadithi za kubuni tumezoea kusikia habari za nchi ambako mganga hulifunga jua lisitue, au mfalme huamuru mwezi mmoja uongezwe ili deni lake lisifike siku ya kulipwa. Tunacheka, kisha tunasema kwamba mambo hayo hayawezekani. Nia ya makala hii ni kuonyesha kwamba nusu ya hadithi hizo ni kweli. Kila kalenda iliyopata kutumiwa duniani ni kitu kilichobuniwa na watu, na mara nyingi kwa amri ya mwenye madaraka. Nusu ya pili ndiyo uongo: kalenda hubuniwa, lakini mwaka wenyewe haubuniwi. Anga haipokei amri, na atakayeipuuza huadhibiwa shambani kwake. Hayo tutayatazama tukiwa Singida, mkoa ambao msimu wake wa mvua ni mmoja tu, na kosa la majuma machache huweza kumgharimu mkulima chakula cha mwaka mzima.

MIZUNGUKO MITATU NA MABAKI YAKE

Binadamu hakupewa kalenda. Alichopewa ni mizunguko mitatu ya kutazama. Wa kwanza ni siku, unaotokana na dunia kujizungusha kwenye mhimili wake. Wa pili ni mwezi, yaani muda kutoka mwandamo hadi mwandamo, ambao kwa wastani ni siku 29.53. Wa tatu ni mwaka wa majira, yaani muda ambao jua huonekana kusafiri kutoka kaskazini kwenda kusini na kurejea tena. Nao ni siku 365.2422.

Kama mizunguko hii ingegawanyika bila baki, wataalamu wa falaki wangekosa kazi. Lakini tukigawanya 365.2422 kwa 29.53 tunapata miezi 12 na sehemu inayozidi kidogo theluthi ya mwezi wa kumi na tatu. Siku nazo hazigawanyi mwaka sawasawa, wala hazigawanyi mwezi sawasawa. Hakuna sababu ya kimaumbile ya kuzifanya zilingane, kwa kuwa kujizungusha kwa dunia, mwendo wa mwezi na mwendo wa dunia kulizunguka jua ni mambo matatu mbalimbali. Ugumu wote wa kutunga kalenda umo katika swali moja: mabaki haya tuyaweke wapi?

Kila jamii imejibu kwa namna yake kulingana na kazi iliyotaka kalenda iifanye. Hata hesabu yetu ya saa ni ushahidi wa jambo hili. Mswahili huanza kuhesabu saa tangu mapambazuko, na kwetu mtindo huu una mantiki kamili. Singida ipo karibu na latitudo ya nyuzi 5 kusini mwa ikweta, na tofauti kati ya siku yake ndefu kuliko zote na ile fupi kuliko zote haifiki dakika 40. Mtindo huo huo usingefaa kaskazini mwa Ulaya, ambako nilipokuwa nikisoma nililiona jua la Desemba likitua saa kumi alasiri, na la Juni likitua baada ya saa tatu usiku. Si kwamba hesabu moja ni ya kisayansi na nyingine si ya kisayansi. Kila moja imekatwa kwa kipimo cha anga ya mahali ilipozaliwa.

MWEZI NI HAKIMU MZURI, LAKINI SI MKULIMA

Miongoni mwa mizunguko hiyo mitatu, mwezi ndio rahisi kuliko yote kuusoma. Hauhitaji chombo wala hesabu, kwani sura yake hubadilika kila usiku mbele ya macho ya watu wote. Kwa sababu hiyo jamii nyingi zilianza kuhesabu muda kwa mwezi, na zipo kazi ambazo mwezi peke yake huzitosheleza. Wahadzabe, wanaoishi kandokando ya Ziwa Eyasi na katika sehemu za Wilaya ya Mkalama mkoani Singida, wana ngoma takatifu iitwayo epeme, ambayo huchezwa katika usiku wa giza usio na mbalamwezi. Watu waliojipatia riziki kwa kuwinda, kurina asali na kuchimba mizizi hawakuwa na haja kubwa ya kujua ni mwezi wa ngapi wa mwaka. Waliutumia mwezi kwa kazi ile ile ambayo mwezi huiweza.

Kalenda ya Kiislamu nayo huufuata mwezi kikamilifu. Miezi 12 ya mwandamo ni siku 354 na theluthi moja hivi, yaani pungufu ya mwaka wa majira kwa takriban siku 11. Ndiyo maana Ramadhani husogea mbele ya majira, na katika muda wa miaka 33 hivi huyapitia yote, kiangazi na masika. Kwa ibada hilo si kosa, maana agizo lenyewe ni la mwezi, si la mvua.

Lakini tumchukue mkulima aliyeamua kupanda mtama kila mwaka katika mwezi wa mwandamo ulio mmoja, bila kufanya marekebisho yoyote. Mwaka wa kwanza anapanda mwishoni mwa Novemba, na mvua inamkuta tayari. Baada ya miaka mitatu, mwezi wake umekwisha kurudi nyuma kwa siku 33, na sasa anapanda mwishoni mwa Oktoba, katika vumbi. Baada ya miaka tisa, hesabu yake inamwambia apande mwishoni mwa Agosti. Mwezi haukumdanganya. Yeye ndiye aliyeupa kazi isiyo yake.

Kwa hiyo kila jamii ya wakulima inayohesabu kwa mwezi hulazimika, mara kwa mara, kuingiza mwezi wa kumi na tatu. Wataalamu wa Babeli ya kale waligundua kwamba miaka 19 ya jua hukaribia sana kuwa sawa na miezi 235 ya mwandamo. Mwanafunzi aweza kuhakikisha mwenyewe: zidisha 365.2422 kwa 19, kisha zidisha 29.53059 kwa 235, nawe utaona kwamba tofauti yake ni kama saa mbili tu. Kwa kuwa miaka 19 yenye miezi 12 kila mmoja ingetoa miezi 228, waliongeza miezi 7 katika kila kipindi hicho.

Si lazima, hata hivyo, kuwa na maandishi ili kulitatua tatizo hili. Wamursi wa kusini-magharibi mwa Ethiopia walichunguzwa na David Turton pamoja na Clive Ruggles, ambao walichapisha matokeo yao mwaka 1978. Watafiti hao waliona kwamba ukiwauliza Wamursi mwezi huu ni wa ngapi, hupati jibu moja. Mmoja atasema huu ni wa tano, mwingine atasema ni wa sita, na wote wawili watakuwa na hoja. Hatimaye dalili za majira, kama vile mienendo ya nyota na kufurika kwa Mto Omo, huonyesha ni nani aliyekuwa sahihi, na aliyekuwa mbele hurudi nyuma. Kwa njia ya mabishano hayo mwezi wa ziada huingia katika hesabu bila mtu yeyote kuutangaza. Jambo ambalo mgeni angeliona kuwa ni ujinga wa kutojua tarehe, kumbe ndilo chombo chenyewe cha kusahihisha kalenda.

WENYE MADARAKA WALIOUAMURU WAKATI

Njia nyingine ni amri. Katika Roma ya kale, makuhani ndio waliokuwa na mamlaka ya kuongeza mwezi wa ziada, na uamuzi huo uliweza kurefusha au kufupisha muda wa mtu kukaa madarakani. Kalenda ikavurugika hata sikukuu zikaachana na majira yake. Mwaka 46 kabla ya Kristo, Julius Caesar aliamuru mwaka mmoja uwe na siku 445 ili mambo yarudi mahali pake. Mfalme wa hadithi asingefanya zaidi ya hapo. Baada ya hapo mwaka uliwekwa kuwa siku 365, na siku moja kuongezwa kila mwaka wa nne.

Amri hiyo ilikuwa na kosa la dakika 11 tu kwa mwaka. Dakika 11 ni muda wa kunywa chai, lakini anga hutunza madeni: katika kila miaka 128 hivi zinakuwa siku nzima. Kufikia mwaka 1582 kosa lililotakiwa kurekebishwa lilikuwa siku 10. Papa Gregory wa Kumi na Tatu akaamuru kwamba baada ya Alhamisi ya tarehe 4 Oktoba ifuate Ijumaa ya tarehe 15 Oktoba. Akaamuru pia kwamba miaka ya mwisho wa karne isiwe mirefu isipokuwa ile igawanyikayo kwa 400. Ndiyo sababu mwaka 1900 haukuwa na tarehe 29 Februari, na mwaka 2000 ulikuwa nayo. Hiyo ndiyo kalenda iliyofika kwetu pamoja na serikali za kikoloni, nayo ndiyo tunayoitumia hadi leo.

Wengine walijaribu kubuni zaidi, wakashindwa. Wanamapinduzi wa Ufaransa mwaka 1793 walianzisha juma la siku kumi. Kalenda yao ilifutwa kuanzia tarehe 1 Januari 1806. Urusi ya Kisovieti ilianzisha juma la siku tano mwaka 1929, na kufikia mwaka 1940 ilikuwa imerudia juma la siku saba. Juma halina kielelezo angani, kwa hiyo hapa anga haikuwapinga. Waliowapinga ni watu, ambao makubaliano yao ya karne nyingi juu ya siku ya sala na ya mapumziko hayakufutika kwa tangazo.

Katika pwani yetu wenyewe ilitumika kalenda nyingine ya jua, iliyoanza siku ya Nairuzi, neno lenye asili ya Kiajemi. Mwaka wake ulikuwa na siku 365, zilizogawanywa katika miongo 36 ya siku kumi kumi, na siku tano za ziada. Kalenda hii iliwafaa wakulima, na iliwafaa zaidi mabaharia, kwa kuwa pepo za kaskazi na kusi hulifuata jua na si mwezi. Sherehe ya Mwaka Kogwa inayofanyika Makunduchi, Unguja, kila Julai, ni kumbukumbu hai ya mwaka huo. Mwalimu aweza kuwauliza wanafunzi: kalenda ya siku 365 isiyokuwa na mwaka mrefu huhama kwa siku ngapi katika maisha ya mtu wa miaka 60? Jibu ni karibu siku 15, kiasi ambacho nahodha makini aliweza kukitambua katika safari zake.

KILIMIA

Iko pia kalenda ambayo haihitaji mfalme, kuhani wala karatasi. Ni nyota.

Kila mwanafunzi wa Singida anapaswa kulijua kundi la nyota liitwalo Kilimia. Wakati wa kulitafuta ni jioni za Januari na Februari. Tazama kwanza nyota tatu zilizojipanga mstari mmoja mnyoofu, kisha fuata mstari huo kuelekea kaskazini-magharibi. Utaipita nyota kubwa yenye wekundu, na mbele yake utaona kifungu kidogo cha nyota sita au saba zilizokaribiana kama vifaranga. Jina lake linatokana na neno kulima, na si Waswahili peke yao walioliita hivyo. Wakikuyu huliita Kĩrĩmĩra, na huko kusini Wazulu na Waxhosa huliita isiLimela. Watu walio mbali kiasi hicho, wenye lugha za asili moja, wameliunganisha kundi hilo hilo na jembe.

Sababu yake yaweza kuelezwa kwa urahisi. Kila siku dunia husogea kidogo katika safari yake ya kulizunguka jua, na kwa hiyo nyota huchomoza mapema kwa dakika nne hivi kuliko siku iliyotangulia. Katikati ya Novemba, Kilimia na jua huwa pande mbili zinazokabiliana angani: jua linapotua magharibi, Kilimia inachomoza mashariki, ikielekea kidogo kaskazini. Huo ndio wakati ambao sehemu kubwa ya Singida hungojea mvua. Katika miezi ya mvua kundi hilo huonekana juu zaidi kila jioni, kisha huanza kuteremka magharibi. Kuelekea mwanzo wa Mei, mvua zinapokwisha, humezwa na mwanga wa machweo. Hupotea kwa muda wa siku 40 hivi, na mwezi wa Juni huonekana tena alfajiri upande wa mashariki, wakati wa baridi na mavuno. Mtu ambaye hakuwahi kuiona kalenda iliyochapwa aweza kuusoma mwaka mzima katika kundi hilo, tena bila tatizo la mwezi wa kumi na tatu.

Hata saa hii ya nyota haikosi baki lake. Mhimili wa dunia huyumba polepole kama pia inayozunguka, na mzunguko mmoja wa kuyumba huko huchukua karibu miaka 26,000. Kwa ajili hiyo Kilimia huchelewa kuhusiana na majira kwa siku moja katika kila miaka 71 hivi. Kwa mkulima mmoja hilo si kitu. Kwa utamaduni wenye umri wa miaka elfu moja, ni majuma mawili.

KIRUMI, MAHALI PA KUUFUNGUA MWAKA

Kaskazini mwa mkoa, katika Wilaya ya Mkalama, wanaishi Waihanzu, ambao huitwa pia Wanyisanzu. Ni wakulima wa nafaka katika nchi kavu. Kituo chao cha kale cha utawala na ibada ni Kirumi. Mila zao zimeandikwa na watafiti, miongoni mwao Virginia Adam, aliyekuwa huko mwanzoni mwa miaka ya 1960, na Todd Sanders, aliyefanya utafiti wake katika miaka ya 1990 na kuchapisha kitabu mwaka 2008.

Kwa mujibu wa maandishi hayo, dhamana ya mvua imekuwa mikononi mwa ukoo wa Anyampanda, na hubebwa na watu wawili kwa pamoja, mwanamume na mwanamke. Kila mwaka, kabla ya mvua, hufanyika sherehe ya kukata udongo, ambayo huufungua msimu wa kilimo. Mvua isipokuja hufuata matambiko mengine, ikiwamo ngoma ya mvua ya wanawake. Serikali ya Tanganyika huru iliufuta utawala wa machifu mwaka 1963, lakini kazi ya mvua haikufutika pamoja na cheo, na miaka 30 baadaye Sanders aliikuta ikiendelea.

Mwanafunzi wa sayansi afanye nini na habari hizi? Wako watakaosema kwamba ni ushirikina, basi waendelee na somo lingine. Nadhani huko ni kuharakisha. Hatuna ushahidi wa kisayansi kwamba mawe ya mvua au ngoma huweza kubadili mwendo wa mawingu, na mwalimu asisite kusema hivyo. Lakini sherehe inayoufungua mwaka hufanya kazi mbili, na moja tu kati yake ndiyo ya kuomba mvua. Kazi ya pili ni kuwapa watu wote mwanzo mmoja. Ndiyo kazi ya kalenda.

Faida ya mwanzo mmoja yaweza kupimwa. Mtama unaokomaa peke yake, kabla ya mashamba ya jirani, huvamiwa na ndege kutoka pande zote. Mtama unaokomaa wakati mmoja katika nchi nzima hugawana hasara hiyo, na watoto wa kuamia ndege hupatikana kila shamba. Vivyo hivyo, mtama uliochelewa kupandwa hushambuliwa zaidi na inzi atobowaye chipukizi, kwa kuwa inzi hao wamekwisha kuzaana katika mashamba yaliyotangulia. Pale ambapo watu hungoja ishara moja, hupunguza hatari zote mbili. Si muhimu sana kama ishara hiyo ni nyota, tarehe au jembe lililokata udongo wa kwanza, ili mradi isiachane na majira na iwe inakubaliwa na wote. Kwa Caesar na Papa Gregory sharti hilo la pili lilitimizwa kwa nguvu ya dola. Huko Kirumi lilitimizwa kwa heshima ya watu kwa wenye dhamana ya mvua.

KALENDA SI UTABIRI

Hapa hatuna budi kutenganisha mambo mawili ambayo huchanganywa na wengi. Kalenda hutuambia tuko wapi katika mzunguko. Haituambii mwaka huu utakuwaje. Kilimia ilichomoza jioni ya Novemba katika miaka ya neema, na ilichomoza vivyo hivyo katika miaka ya njaa.

Mvua ya Singida hutokana na ukanda wa makutano ya pepo, ambao hulifuata jua linapoelekea kusini, kisha hurejea nalo. Jua hulipita Singida utosini kuelekea kusini mwanzoni mwa Oktoba, na hulipita tena likirudi kaskazini katika juma la pili la Machi. Mvua hulifuata kwa kuchelewa, kwa kuwa nchi kavu, bahari na hewa huhitaji muda wa kupata joto. Ndiyo maana mikoa ya kaskazini na pwani hupata vuli na masika, lakini Singida, Dodoma na Tabora hupata msimu mmoja, kuanzia Novemba au Desemba hadi Aprili au mapema Mei. Mwanafunzi wa Singida anayekariri kwamba Tanzania ina mvua za vuli na za masika anakariri kalenda ya mahali pengine.

Lakini siku ambayo mvua itaanza hasa huamuliwa pia na mambo yanayobadilika mwaka hadi mwaka, kama vile joto la maji ya Bahari ya Hindi na Bahari ya Pasifiki. Msimu wa 1997/98, wakati wa El Niño, sehemu kubwa za nchi yetu zilipata mafuriko. Tena kuna mvua ya kudanganya: hunyesha siku mbili mnamo Novemba, mkulima akapanda, kisha jua likawaka majuma matatu na miche ikaungua. Aliyekuwa na mbegu za kupanda mara moja tu atalazimika kukopa au kuuza mbuzi. Huo ndio uzito wa swali letu la nani huufungua mwaka. Kwa ajili hiyo Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania hutoa utabiri wa mvua za msimu kwa mikoa yenye msimu mmoja. Utabiri huo hauchukui nafasi ya kalenda, wala kalenda haichukui nafasi ya utabiri. Mkulima anahitaji vyote viwili, na anahitaji pia ghala la akiba kwa mwaka ambao vyote vitakosea.

Pwani wapo wasemao kwamba Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, na kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Msemo huu umevuka mpaka wa kalenda na kuingia katika utabiri. Tusiudharau, wala tusiuamini bure. Unadai jambo ambalo laweza kuchunguzwa kwa kipima mvua na daftari, na dai linaloweza kuchunguzwa ni mwanzo mzuri wa sayansi.

KAZI KWA SHULE

Nimewafundisha vijana wa mwaka wa kwanza wa chuo kikuu ambao huweza kuzitaja sayari zote kwa mpangilio, lakini hawajapata kuonyeshwa Kilimia. Kasoro hiyo si yao, nayo hairekebishwi kwa fedha. Napendekeza kila shule ifanye yafuatayo, na matokeo yaandikwe katika daftari moja ambalo halitaondoka na mwanafunzi yeyote anapomaliza masomo.

1. Simikeni kijiti kilichonyooka wima katika uwanja ulio sawa. Kila Jumatatu pimeni kivuli kilicho kifupi kuliko vyote siku hiyo. Katika mji wa Singida kivuli kitakaribia kutoweka kabisa tarehe 5 Oktoba, kama saa 6 na dakika 30 mchana, na tarehe 8 Machi, kama saa 6 na dakika 52. Elezeni kwa nini si saa 6 kamili. (Kidokezo: saa ya Tanzania imewekwa kwa longitudo ya nyuzi 45 mashariki, na Singida ipo karibu na nyuzi 35.)

2. Andikeni jioni ya kwanza ya Novemba ambapo Kilimia imeonekana mashariki mara giza liingiapo, jioni ya mwisho kuonekana magharibi, na alfajiri ya kwanza ya kurudi kwake.

3. Pimeni mvua ya kila siku kwa chombo chenye kingo zilizonyooka. Andikeni pia siku ambayo wazazi wenu walipanda, na waulizeni ni dalili gani iliyowaamulia. Baada ya miaka mitano linganisheni: ni ipi iliyoongoza vizuri zaidi, tarehe, nyota, utabiri au dalili za wazee?

4. Tungeni kalenda ya nchi ya kubuni. Mwaka wake ni siku 300 na theluthi moja, na mwezi wake huandama kila siku 27 na nusu. Mvua yake hulifuata jua, na sikukuu zake huufuata mwezi. Mfalme ameamuru kwamba mwaka uwe na siku 300 kamili. Mvua zitakuwa zimeachana na tarehe zake kwa siku ngapi baada ya miaka 90? Ni mwaka wa ngapi siku moja iongezwe? Kama wakulima wa nchi hiyo wanahesabu kwa mwezi, lini wataongeza au kupunguza mwezi mmoja, na ni nani atakayekuwa na haki ya kuutangaza?

Sehemu ya mwisho ya swali la nne haina jibu la hesabu. Mwalimu asiiruke.